Dobrosława: bibi aambiwe maana yake nini?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni mtu wa Pangani, naishi Wrocław, nimeoa Mpolandi (au niseme Mpolishi?). Mwezi ujao, Mungu akipenda, tunapata mtoto wa kike, na mke wangu amechagua jina Dobrosława. Hata huku ni jina la nadra, huwezi kulikuta kila darasa. Juzi bibi yangu kapiga simu, akauliza: "Hilo jina linamaana gani?" Nikamjibu: "Wema Maarufu, bibi." Akanyamaza, kisha akasema: "Maarufu kwa nani?" Nimekosea wapi? Na niliandikeje ili watu wa nyumbani walitamke sawasawa?

JIBU: Marahaba. Kati ya maswali yote yaliyomo kwenye barua yako, gumu kuliko yote ni la bibi, basi tuanze nalo.

Jina lina vipande viwili. Dobro ni wema, hapo hukukosea. Sława ndiyo iliyokuponza. Nadhani ulifungua kamusi ukakuta "umaarufu", ukaridhika. Lakini umaarufu katika Kiswahili chetu hauchagui mtu. Mwizi wa kuku akijulikana vijiji vitatu, huyo ni mwizi maarufu, na hakuna atakayesema umekosea lugha. Tena neno hilo halikai peke yake muda mrefu: mtu ni maarufu kwa jambo fulani, au mahali fulani, au kwa watu fulani. Bibi alipouliza "kwa nani" hakuwa anakejeli. Alikuwa anasubiri umalizie sentensi.

Sława asili yake ni kusikia. Imetoka shina moja na słowo, yaani neno, na słuchać, yaani kusikiliza. Ni habari zako zinazomfikia mtu kabla hajakuona kwa macho. Sisi tunalo neno lenye sikio ndani yake vilevile, nalo ni kuvuma: "habari zake zimevuma hadi Tanga mjini." Nilishawishika nalo kwa dakika tano hivi. Kisha nikakumbuka kwamba ngoma ivumayo haidumu, na mtu wa Pangani hatasubiri umalize kueleza kabla hajakukumbusha methali hiyo. Mtoto mchanga usimfungulie mlango wa maneno hayo.

Utukufu nao? Ni neno zuri, ila liko juu mno. Tunaliweka kwa Mungu, kwa mwezi wa Ramadhani, na kwenye vyeo vya wakubwa. Ukimwambia bibi kwamba mjukuu wake wa kitukuu anaitwa Utukufu, atakuuliza kama mmemwomba ruhusa mwenye utukufu wake.

Linabaki sifa, na hilo ndilo ninalokushauri, pamoja na doa lake. Siku hizi vijana wakisema "yule ana sifa sana" hawamsifu, wanamaanisha anajionyesha. Mpenda sifa ni tusi dogo. Lakini doa hilo linafutika mara tu ukiongeza kivumishi: sifa njema. Hapo hakuna kijana wala mzee atakayekuelewa vibaya. Sema "mwenye sifa njema", na ukitaka kumkosha bibi kabisa sema "mwenye jina jema", kwa maana jina kwetu si la kuitia mtu tu, ni heshima yake pia. Tunasema fulani "amejipatia jina", na wazee wanasema jina jema hung'aa gizani. Wapolandi wa kale walikuwa wanasema jambo lilelile kwa sława.

Angalia upatanisho wa kisarufi hapo, maana barua nyingi ninazopata zinateleza papo hapo. Ni sifa njema, si "sifa mwema", hata kama anayezungumziwa ni mtu. Mwenye linafuata mtoto, njema inafuata sifa. Utukufu ungechukua mwema, jina linachukua jema.

Usije ukaibadilisha njema ikawa nzuri ukidhani ni hayo hayo. Kipolandi kinatenganisha dobry, aliye mwema, na ładny, anayependeza kwa sura. Kiswahili cha kila siku kimezirundika zote mbili ndani ya -zuri: chakula kizuri, msichana mzuri, tabia nzuri. Ila penye uzito tunatenganisha bado. Tunasema uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti, na sijapata kumsikia mtu akisema "wema wa mkakasi", kwa kuwa wema hauna nje. Dobro ni wema huo wa ndani. Mtoto anaweza kuzaliwa na sura ya baba yake na jina likabaki sahihi.

Sasa kuna jambo ambalo hata "mwenye sifa njema" haliligusi. Majina haya ya Kislavoni (ukoo wa lugha wenye Kipolandi, Kicheki na Kirusi) ya vipande viwili hayakutungwa kama tunavyotunga jina na kivumishi chake. Mirosław na Sławomir yana vipande vilevile, kimoja cha mir, yaani amani, na kingine cha sława, yamegeuzwa mbele nyuma tu, na yote mawili ni majina kamili. Kwa hiyo kubishana kama Dobrosława ni "wema wenye sifa" au "sifa yenye wema" ni kubishania kitu ambacho walioliunda jina hawakukijali. Walikuwa wanamwombea mtoto. Waliokota maneno mawili waliyomtakia, wakayafunga pamoja.

Na dua Kiswahili kina umbo lake, lile la -e mwishoni: afike, apone, akue. Ndilo lililotupa jina Asifiwe, ambalo ukienda Mbeya utawakuta wengi wanaitwa hivyo. Asifiwe, bila shaka, ni Mungu ndiye asifiwe, si mtoto, kwa hiyo usilichukue zima zima. Badilisha kitenzi kidogo tu: asifike. Kusifiwa kunahitaji watu wa kusifu, kusifika ni hali ya mtu mwenyewe. Asifike kwa wema. Hiyo ndiyo Dobrosława kwa Kiswahili, na ukimpa bibi hiyo, swali lake la "kwa nani" linageuka kuwa "kwa nini", na jibu limo ndani ya sentensi.

Usidhani sława ni ngeni Tanzania, bali imeingia kwa mlango wa kanisa, imevaa Kilatini. Una rafiki anayeitwa Stanislaus? Huyo ni Stanisław, jina la askofu wa Kraków aliyeuawa mwaka 1079 na kutangazwa mtakatifu mwaka 1253. Ladislaus ni Władysław. Kile kipande cha -slaus ambacho makarani wetu wamekiandika kwenye vyeti vya ubatizo miaka nenda rudi ndicho -sław, sifa ileile. Hata mji unaoishi umo kwenye ukoo huo: inaaminika Wrocław ulipewa jina la mtu, Wrocisław, ambaye kwa Wacheki ni Vratislav. Umekuwa ukipanda tramu ndani ya jina la binti yako bila kujua.

Kwa nini basi Stanisław wamejaa na Dobrosława ni wa kutafuta? Stanisław alipata mtakatifu. Majina haya yote ni ya kabla ya Ukristo kuingia huko. Mwaka 965 mtawala wa Polandi, Mieszko, alimwoa binti wa mtawala wa Wacheki, aitwaye Dobrawa, unaona dobr- hiyo, na mwaka uliofuata Mieszko akabatizwa. Kidogo kidogo watoto wakaanza kuitwa kwa majina ya watakatifu, na Mtaguso wa Trento, mkutano mkuu wa maaskofu Wakatoliki uliomalizika 1563, ukalitilia mkazo zaidi jambo hilo. Jina la kale lililokuwa na mtakatifu wa kulishikilia lilibaki. Yaliyokosa yalirudi baadaye sana, karne ya 19, Wapolandi walipokuwa hawana nchi yao na wakawa wanaokota chochote kilicho chao. Mkeo amechagua kutoka kapu hilo.

Tuje kwenye matamshi. Hapa una bahati usiyoijua. Juzi niliandika Dobroslawa kwenye karatasi, bila kile kijistari kinachokata l, nikampa dada anayeuza chai chini ya ofisi yetu asome. Akasoma kama ilivyoandikwa: dobro-slawa. Ndivyo watakavyosoma Pangani nzima, na si kosa lao. Nikageuza karatasi, nikaandika Dobroswava. Akasoma mara moja, sawasawa kabisa, akaniuliza ni dawa ya nini.

Siri iko kwenye herufi mbili. Ł yenye kijistari ni w yetu. W yao ni v yetu. Kwa hiyo -sława ni "swava", na hiyo "swa" ndiyo iliyomo kwenye mswaki, haihitaji mazoezi. Ukishaishika kanuni hiyo, mengi yanafunguka: Wojtyła, ukoo wa Papa Yohane Paulo wa Pili, ni "Voitiwa", na Wałęsa, rais wa zamani wa Polandi, ni "Vawensa". Watangazaji wetu wa mpira wamemtamka Lewandowski kwa w miaka yote hii, na mchezaji hakuacha kufunga, lakini binti yako anastahili zaidi.

Mkazo ndio unaonifurahisha. Kipolandi, kama Kiswahili, huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Mwingereza angehangaika asijue auweke wapi. Bibi yako ataupiga pale pale pa haki, do-bro-SWA-va, bila kufundishwa, kwa sababu ndivyo anavyotamka kila neno tangu azaliwe. Tatizo dogo ni "bro". Ulimi wetu haupendi konsonanti hizo mbili zifuatane, na wengine wataingiza irabu katikati, kama wanavyosema "burashi". Mwache aseme "doboro" ikimpendeza. Na kwa wale ambao r na l kwao ni mapacha, mtamsikia Dobloswava pia, mzoee tu.

Kuandika ni jambo lingine. Andika Dobrosława, na kijistari chake, kwenye kila karatasi rasmi na kwenye kila barua ya nyumbani. Jina la mtu halitafsiriwi tahajia, na mtoto mwenye Dobrosława kwenye cheti kimoja na Dobroswava kwenye kingine atakuja kutesekea foleni za ofisi akiwa mtu mzima. Matamshi waeleze kwa mdomo, au yaandike mara moja tu kwenye mabano.

Usishtuke pia ukiwasikia wakwe wakilikunja jina hilo: Dobrosławę, Dobrosławy, na wakimwita, Dobrosławo! Kwao jina hubadilika mwishoni kufuatana na kazi yake katika sentensi. Kwetu jina linatulia, wanaohangaika ni jirani zake: Dobrosława analia, mbeleko ya Dobrosława, mpe Dobrosława maziwa. Usiyalete makunjo yao kwenye Kiswahili. Nimewahi kuona tafsiri iliyoandikwa "nyumba ya Stanisława" mahali ambapo mwenye nyumba alikuwa mwanamume. Mtafsiri alikuwa amenakili jina likiwa limekunjwa, na mzee wa watu akageuzwa mama.

Hayo madogo yaliyobaki. Mimi huandika Polandi, Mpolandi, Kipolandi, nikilinda yasichanganywe na Uholanzi na Mholanzi, kosa ambalo nimelikuta hata kwenye vitabu vya jiografia. Mpolishi na Kipolishi utayasikia pia, si dhambi, ila chagua moja uende nalo. Mpole usiandike, ingawa mkeo huenda akafurahi. Na "linamaana" uliyoiandika kwa neno moja itenganishe: jina lina maana, kama vile jina lina herufi kumi. Linamaanisha ndilo neno moja, kwa kuwa hapo ni kitenzi. Bibi hana kosa hapo, yeye alisema tu, wewe ndiye uliyeandika.

Mkifika Pangani siku ya saba, na watu wamekaa kwenye mkeka wanasubiri kusikia jina, tamka polepole: Dobroswava. Kisha sema: asifike kwa wema. Halafu usiongeze maelezo. Nyumbani mkeo atamwita Dobrusia, "Dobrusha" masikioni mwetu, na hilo ndilo litakaloshika, maana linaishia kama kuchekesha na kufurahisha. Kabla jua halijazama, mkeo atakuwa ameshapoteza jina lake mwenyewe. Mtaa mzima watakuwa wanamwita Mama Dobrusha, na akiitwa hivyo kwa sauti kutoka ng'ambo ya ua, aitike "abee".