Usiache kazi kwa sababu ya skripti moja

Dada, nimekuelewa: uko Leeds, Uingereza, una skripti moja ya filamu, na wakala anataka umlipe kabla hajaisoma. Usimpe hata senti. Wakala wa kweli hula kamisheni mwandishi akishalipwa.

Kazi nayo usiache. Sally Wainwright, mwandishi wa tamthilia za TV huko Uingereza, aliendesha mabasi London huku akiandika. Akapitia tamthilia ya redioni The Archers, kisha ya TV Coronation Street, miaka mingi kabla ya tamthilia yake mwenyewe, Happy Valley ya 2014. Wengi huko hukomaa kwenye tamthilia za wenzao kwanza, ingawa wachache huruka ngazi. Andika kipindi cha kwanza cha tamthilia yako, uvizie BBC ikifungua kupokea skripti.

Ukiletewa mkataba, usisaini haraka. Jiunge na Writers' Guild of Great Britain, chama cha waandishi, wanakagua mikataba ya wanachama.