Barua kwa binti yangu: Wang Hanlun hakufulia

Mwanangu,

Nimeusoma ujumbe wako. Unauliza ilikuwaje Wang Hanlun, nyota wa sinema bubu wa Shanghai, China, akaacha sinema mapema akafungua saluni, na kama ni kweli alifulia. Hakufulia, mama. Wanaosema hivyo hawajatazama alikotoka.

Alizaliwa Suzhou mwaka 1903, kwenye ukoo wenye uwezo, jina lake Peng Jianqing. Alifungwa miguu utotoni ili isikue, kama wasichana wengi wa tabaka lake, ila alisomeshwa pia shule ya wamisionari Shanghai. Baba yake alipofariki, kaka mtu akamwoza. Ndoa ikavunjika, naye akajitegemea kwa kufundisha na kupiga taipu ofisini, mpaka kampuni ya filamu ya Mingxing ikamwona. Ukoo ukawaka moto, maana kwao mwigizaji alikuwa mtu wa daraja la chini kabisa. Basi akawaachia jina lao! Akajiita Wang, kwa kuwa herufi hiyo ya Kichina husemwa imechorwa kwenye paji la chui milia, mnyama asiyeogopa kitu.

Filamu yake ya kwanza ilitoka Desemba 1923. Aliigiza mkamwana mjane, mjamzito, anayesingiziwa uzinzi na kufukuzwa na baba mkwe. Miaka ikapita, mtoto wake ndiye akaja kumwokoa babu yule. Hebu fikiria: aliyekataliwa na ukoo wake anaigiza aliyekataliwa na wakwe. Filamu hiyo ndiyo iliyoinua Mingxing, iliyokuwa hoi kifedha.

Sifa alipata. Fedha ndiyo ilikuwa taabu. Alihamia kampuni nyingine, na malipo aliyoahidiwa hayakuja kama walivyopatana. Ndipo akaanzisha kampuni yake mwenyewe, akanunua hadithi kwa mwandishi Bao Tianxiao, akatengeneza filamu kuhusu mwigizaji anayelipiza kisasi. Mwongozaji alipokuwa haonekani kazini, Wang alimlipa chake wakaachana, akanunua projekta, akajifungia nyumbani kukata na kuunga vipande vya filamu kwa mkono. Ilitoka mwaka 1929, naye akazunguka nayo mwenyewe mjini hadi mjini. Mapato ya safari hii yakaingia mfukoni mwake.

Kwa fedha hizo ndipo saluni ikaja, na akaipa jina lake. Kwangu mimi huko si kushuka. Wajapani walipoikalia Shanghai walimtaka awatumikie. Akakataa, na biashara ikafa. Hilo ndilo pigo lililomuumiza, si kuacha kamera. Baada ya Wakomunisti kushika nchi mwaka 1949 alirudi kwenye filamu kwa sehemu ndogondogo, akafariki mwaka 1978.

Ile ya 1923 usihangaike kuitafuta, imepotea, hakuna nakala inayojulikana. Ukitaka kuonja sinema bubu ya Shanghai anza na za Ruan Lingyu, nyota mwingine wa enzi hiyo, kadhaa zimesalia. Ukishazitazama nipigie simu, usiandike. Nina mengi ya kubishana nawe.

Baba yako