Supu nzito ya adesi na mboga kwa maji ya Dodoma: nyanya zisubiri

Mleta mada, nimesoma swali lako mpaka mwisho. Kwa wanaoingia sasa: kahamia Dodoma akitokea Dar, anataka supu nzito ya adesi na mboga, ya kushibisha watu watano bila nyama. Shida yake adesi zinakaa motoni saa nzima na bado ngumu, karoti zimeshavurugika, na supu yenyewe maji matupu. Mchangiaji mmoja kamwambia atie magadi. Mwingine kamwambia achemshe kila kitu pamoja na nyanya tangu mwanzo ili ladha zichanganyike. Naomba nipingane na wote wawili kwa heshima.

Kwetu hii ni supu ya kawaida kabisa kuanzia Juni, upepo wa jioni unapoanza kuuma, kwa hiyo nitaandika kwa kirefu. Asiye na muda achukue hili moja aende zake: nyanya ziingie adesi zikishaiva.

Sababu ni hii. Maji ya mji huu kwa sehemu kubwa yanatoka ardhini, na ni magumu. Funua birika lako la umeme uangalie chini. Ule utando mweupe unaokwaruza kucha ni madini, kalisiamu zaidi, yaliyoachwa na maji yakichemka. Madini hayo yakiingia kwenye sufuria hushikana na pektini, ambayo ndiyo gundi inayoshikilia punje isisambaratike. Gundi ikishakazwa hivyo, punje inachelewa sana kulainika. Asidi ya nyanya, ndimu au ukwaju nayo huizuia pektini hiyohiyo isiyeyuke. Sasa wewe umeweka maji magumu na nyanya nne kwa mpigo, adesi zitaivaje?

Halafu kuna mwinuko. Dodoma iko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na huku maji huchemka kwenye nyuzi 96 hivi. Dar uliyatokosa kwenye nyuzi 100. Zile dakika zilizoandikwa kwenye pakiti, au alizokutajia shangazi yako wa Temeke, huku hazitoshi.

Dawa ya maji ni rahisi. Chemsha lita mbili na nusu, acha yatulie yapoe, kisha mimina taratibu ya juu, yale ya chini yenye machicha uyaache. Hutoi madini yote, lakini unapunguza ya kutosha. Mwenye tanki la maji ya mvua yuko vizuri kuliko sisi wote. Kama haraka imekubana, tumia maji ya kunywa ya dumu, supu moja haitakufilisi.

Kuhusu magadi, ndugu yangu aliyeshauri hivyo hajasema uongo, yanalainisha kweli. Ila yanaharibu vitamini B1, na kwenye punje ndogo kama adesi unapata uji wenye harufu ya sabuni. Kwenye mlenda sina neno. Siwezi kubishana na mama yeyote wa Kigogo kuhusu magadi ya mlenda wake, na sikushauri wewe ujaribu.

Tuje sokoni. Pale Majengo au Sabasaba ukiulizia dengu utapewa zile nene zinazolimwa sana Kanda ya Ziwa. Ni tamu, lakini ni upishi mwingine. Unazotaka ni ndogo, bapa, na mara nyingi utazikuta kwenye maduka ya nafaka na viungo au supamaketi, kwa sababu nyingi zinatoka nje ya nchi. Ziko nyekundu zilizokobolewa na kupasuliwa, ziko za kahawia zenye ganda. Watu wananunua aina moja tu, na hapo ndipo supu inapokosa umbo. Nyekundu zinayeyuka na kukupa uzito, za kahawia zinabaki punje unazozitafuna. Mimi nachanganya kikombe kimoja cha nyekundu na nusu kikombe cha kahawia, jumla kama gramu 300, kwa lita mbili za maji. Watano wanashiba.

Usinunue zilizokaa juani nje ya duka miezi na miezi. Adesi ya zamani haiivi vizuri hata kwa maji ya mvua. Angalia vitundu vya fukusi, angalia unga chini ya mfuko. Ukifika nyumbani zimwage kwenye sinia, uzisogeze kwa kidole kidogo kidogo kwenye mwanga. Kijiwe kinachofanana na adesi ya kahawia kipo, na kinamngoja mgeni wako mwenye jino bovu. Osha mpaka maji yaache kuwa meupe. Kuloweka si lazima.

Sasa jikoni. Utahitaji sufuria na kikaango, vyote viwili kwa wakati mmoja, na hii ndiyo siri yenyewe kama kuna siri.

Kwenye sufuria weka maji yako, adesi za kahawia peke yake, na kijiko kidogo cha chumvi. Najua umeambiwa chumvi inakaza maharage. Haikazi, hizo lawama ni za nyanya. Zikichemka dakika 20, ongeza zile nyekundu na kipande cha boga kilichomenywa na kukatwa, kama viganja viwili. Litapanda povu jeupe, liengue kwa upawa. Punguza moto, funika nusu. Boga liwe lile kavu la njano iliyokolea, maana lile la majimaji halisaidii. Kazi yake ni kuyeyuka lote, hata wanaokataa boga mezani hawatalijua. Baada ya robo saa hivi tia viazi viwili na karoti mbili, vipande vikubwa kiasi. Ndiyo maana za kwako zilivurugika, ziliingia na adesi wakati adesi zina safari ndefu.

Wakati huo kikaango kinafanya rosti. Mafuta vijiko vitatu vya chakula. Mimi natumia alizeti ya kukamua, ile ya mashine za Singida au Kibaigwa, yenye harufu ya mbegu. Ina tabia ya kutoa povu ikipata moto na kuungua upesi, kwa hiyo moto uwe wa kati. Vitunguu maji viwili vikubwa, vikatwe vidogo. Hapa ndipo watu wengi wanapokimbia. Kitunguu cha supu isiyo na nyama hakikaangwi dakika tatu. Mwanzoni kinapiga kelele kwa sababu ya maji yake. Kelele ikishuka kinakuwa laini, kinang'aa, bado hakijafika. Endelea kukigeuza mpaka kingo zianze kuwa kahawia na nyumba nzima ijue, karibu robo saa kwa moto mdogo. Kikianza kushika chini, nyunyiza kijiko cha maji ukwangue ile rangi irudi ndani. Ladha ambayo mwenzako anaitoa kwenye mfupa wa ng'ombe, wewe unaitoa hapo.

Ndipo utie swaumu punje nne zilizopondwa, tangawizi kipande cha dole gumba, kijiko kidogo cha binzari nyembamba, nusu kijiko cha manjano na nusu cha giligilani ya unga. Zigeuze nusu dakika tu, binzari ikiungua ni chungu. Kisha nyanya tatu au nne zilizokunwa. Pika mpaka mafuta yajitenge pembeni. Zima, weka kando, subiri.

Subiri nini? Chukua punje moja ya kahawia, ibonyeze kwa kidole gumba na cha shahada. Ikipasuka ikawa laini mpaka katikati, bila kiini cheupe kigumu, adesi zimeiva na nyanya zinaruhusiwa. Kwangu inafika kwenye dakika 50 hadi saa moja tangu mwanzo, jiko la gesi, moto mdogo. Wa mkaa mtakadiria wenyewe. Mwenye sufuria ya presha asiijaze zaidi ya nusu, povu la adesi huziba tundu la mvuke.

Kabla ya kumimina rosti, ponda. Geuza mwiko, ubandike boga na adesi kwenye ukuta wa sufuria, kama mara kumi hivi, uchanganye. Utaona supu inabadilika mbele yako, inaacha kuwa maji yenye punje na inakuwa kitu kimoja. Tafadhali usitie unga wa ngano. Supu ya kukorogwa kwa unga inakuwa nzito mdomoni na ladha inapotea. Kama baada ya kuponda bado ni nyepesi, acha kifuniko wazi dakika kumi.

Mimina rosti. Na kwa kuwa tuko Dodoma, kuna kitu ningekuomba ujaribu kabla hujatafuta tui la nazi, ambayo huku inasafiri kutoka pwani na bei inajua hivyo: karanga. Vijiko viwili vya karanga za kukaanga zilizotwangwa, uzikoroge kwanza kwenye bakuli na maji ya moto zisifanye madonge, ndipo uzimimine. Wagogo wanaunga majani makavu kwa karanga na wako sahihi kabisa. Kuanzia hapo usiondoke jikoni, karanga hushika chini upesi. Moto mdogo, dakika kumi, ukikoroga.

Hoho na majani vinaingia mwisho. Mchicha dakika tatu unatosha. Majani ya maboga ni mazuri zaidi ukiwa na uvumilivu wa kuyamenya zile nyuzi. Nyanya chungu mbili zilizopasuliwa nne zina uchungu kidogo unaokata utamu wa boga, hizo zitangulie mapema pamoja na viazi. Kabichi mimi siweki, harufu yake inatawala sufuria. Miezi ya kiangazi mboga mbichi zikiadimika, majani ya kunde yaliyokaushwa yanafaa sana, yaloweke kwanza na yapate nusu saa motoni.

Ukishaepua, kamulia ndimu. Au kijiko cha unga wa ubuyu mweupe, ule usiotiwa rangi wala sukari, uliokorogwa kwenye maji kidogo. Ubuyu una uchachu na pia unaongeza uzito. Uchachu huu mwishoni ndio unaoamsha chumvi, kwa hiyo onja baada ya ndimu ndipo uongeze chumvi. Kuna faida nyingine: vitamini C inausaidia mwili kunyonya madini ya chuma yaliyomo kwenye adesi. Chai ya rangi ukiinywa papo hapo baada ya chakula inafanya kinyume chake, ingoje saa moja. Na kwa wale wanaosema bila nyama hakuna protini, gramu 100 za adesi kavu zina protini kama gramu 24.

Chapati, mkate, viazi vitamu, chochote kinakubali. Mimi napendelea ugali wa uwele, ila watoto wangu wako upande wa chapati.

Uliuliza kama inalala. Inalala vizuri kwenye friji siku tatu, na kesho yake ni tamu zaidi. Itaganda iwe nzito sana, ilegeze kwa maji ya moto unapoipasha. Nje ya friji usithubutu, hasa Oktoba na Novemba, asubuhi utakuta imechacha. Kama unajua utaibakiza, majani usitie sufuria nzima, tia kwenye ile ya leo tu.

Ukikosa adesi kabisa, choroko zilizokobolewa zinafuata utaratibu wa zile adesi nyekundu. Mbaazi za Kondoa nazo zinatoa supu nzuri mno, nzito kuliko ya adesi, ila hizo loweka usiku kucha, mwaga maji ya kulowekea, na uzipe angalau saa moja na nusu kabla hujaziletea boga. Nyanya zinasubiri vilevile.