Kwa nini anaugua huyu na si yule? Majibu kwa maswali yenu

Maswali ya safari hii yameletwa na watu tofauti, lakini yote yanarudi pale pale: kwa nini ugonjwa unampata huyu na kumwacha yule, na kwa nini wakishaugua mmoja anasikilizwa na mwingine anarudishwa nyumbani.

SWALI: Shuleni tulifundishwa kwamba magonjwa huletwa na vijidudu, na mengine tunayarithi. Sasa jamii inaingiaje hapo?

Mlifundishwa sawa, ila somo liliishia njiani. Kijidudu cha kifua kikuu kiligunduliwa na daktari Mjerumani, Robert Koch, mwaka 1882. Streptomaisini, dawa ya kwanza iliyoweza kukidhibiti, ilipatikana mwaka 1943. Lakini Uingereza vifo vya kifua kikuu vilikuwa vikipungua tangu karne ya 19, miongo mingi kabla ya dawa hiyo. Wataalamu bado wanabishana kilichosaidia zaidi ni nini: chakula bora, nyumba zisizosonga watu, au kuwatenga wagonjwa. Vyovyote iwavyo, hakikuwa kidonge. Bila kijidudu huugui, lakini kijidudu peke yake hakitoshi. Wengi hukibeba maisha yao yote na wasiugue, na mara nyingi kinachokiamsha ni mwili uliodhoofishwa na utapiamlo, VVU au kisukari.

Mwaka 1848 serikali ya Prussia, dola la Kijerumani la wakati huo, ilimtuma daktari wa miaka 26, Rudolf Virchow, kuchunguza mlipuko wa taifasi, homa kali inayoenezwa na chawa, katika jimbo lake maskini la Silesia ya Juu. Walitarajia ushauri wa kitabibu. Yeye akarudi na ripoti inayodai elimu, barabara, kodi za haki na wananchi kuwa na sauti katika utawala. Hawakuifurahia hata kidogo, na mimi naona alikuwa sahihi.

SWALI: Mimi ni karani. Kila mtu anasema wakubwa ndio wenye presha kwa sababu ya majukumu. Mbona tunaoanguka ni sisi wa chini?

Ndugu yangu, macho yako hayajakudanganya. Kuanzia mwaka 1967 watafiti wa Uingereza waliwafuatilia watumishi wa serikali jijini London, wanaume zaidi ya 17,000, kuanzia matarishi hadi wakuu wa idara. Wote walikuwa na ajira ya kudumu na mshahara, na wote walitibiwa katika mfumo usiomtoza mgonjwa mlangoni. Hakuna aliyekuwa fukara. Hata hivyo, waliokuwa ngazi ya chini kabisa walikufa kwa ugonjwa wa moyo takriban mara tatu ya walio juu kabisa.

Kilichowashangaza zaidi watafiti ni waliokuwa katikati. Ngazi ya pili kutoka juu nayo ilikuwa na hali mbaya kuliko ya kwanza, ya tatu mbaya kuliko ya pili, na kuendelea hivyo hadi chini. Sigara, shinikizo la damu na mafuta kwenye damu vilieleza sehemu tu ya tofauti hiyo. Uchunguzi wa pili, ulioanza mwaka 1985 chini ya mtafiti Michael Marmot na ukawahusisha wanawake pia, ulionyesha kwamba jambo moja lenye uzito ni mamlaka juu ya kazi yako mwenyewe. Mkuu ana mzigo, ndiyo, lakini yeye ndiye anayeamua aubebe lini na amtwishe nani. Karani anabanwa na kasi iliyopangwa na mwingine, na hata kutoka kwenda kwa daktari lazima aombe ruhusa. Mwili unaoishi katika tahadhari ya namna hiyo mwaka baada ya mwaka hutoa homoni za msongo bila kupumzika, na moyo na mishipa ndivyo vinavyoumia.

Kapime presha, usiache. Lakini ukikaa na wenzako kwenye chama cha wafanyakazi kudai ratiba inayotabirika, jueni kwamba hilo nalo ni suala la moyo, kwa maana ya moyo unaodunda kifuani.

SWALI: Kaka yangu ana kisukari. Kila kliniki anaambiwa abadili chakula na afanye mazoezi, na hafanyi. Huu si uvivu?

Kabla ya kumwita mvivu, muulize siku yake inakwendaje: anaamka saa ngapi, anatoka kazini saa ngapi, nani anapika, na chakula anachoweza kukinunua bila kukopa ni kipi. Mara nyingi ushauri wa kliniki umeandikwa kwa ajili ya mtu mwenye jioni tupu na pesa mfukoni.

Finland ilikuwa na vifo vingi mno vya moyo, hasa mkoa wa Karelia Kaskazini. Mwaka 1972 ulianza mradi ambao haukuishia kuwahubiria watu. Ulifanya kazi na vyama vya akina mama vijijini, na viwanda vya maziwa na vya soseji vikashawishiwa kupunguza mafuta na chumvi. Hata wakulima walisaidiwa kulima beri, yaani matunda madogo, pale soko la siagi lilipopungua. Katika miongo iliyofuata, vifo vya moyo kwa wanaume wa umri wa kufanya kazi vilishuka kwa zaidi ya asilimia 80. Watu wa Karelia hawakupata ghafla nidhamu waliyokosa baba zao. Kilichobadilika ni kile kilichokuwa mezani na dukani. Kaka yako anahitaji mtu wa kutembea naye na chakula kile kile kwa nyumba nzima, kuliko anavyohitaji kukaripiwa tena.

SWALI: Mama yangu alikwenda hospitali na kichefuchefu, uchovu na maumivu ya mgongo. Akaambiwa ni wasiwasi, akapewa dawa za kutuliza. Siku chache baadaye tukaambiwa ni moyo. Ilikuwaje?

Pole sana, dada, na mpe mama pole zangu. Siwezi kumhukumu daktari nisiyemwona, lakini jambo hili lina historia. Maumivu ya kifua ndiyo dalili ya kawaida ya mshtuko wa moyo kwa wanaume na wanawake pia. Ila wanawake hupata zaidi hizo nyingine ulizotaja, pamoja na kukosa pumzi na maumivu ya taya. Kwa muda mrefu picha ya mgonjwa wa moyo ilikuwa mwanamume anayeshika kifua, na daktari aliyesoma kwa picha hiyo huitafuta hiyo hiyo.

Utafiti nao ulichangia. Mwaka 1977 mamlaka ya dawa ya Marekani ilielekeza wanawake wanaoweza kushika mimba wasiingizwe katika hatua za mwanzo za majaribio ya dawa, na agizo hilo liliondolewa mwaka 1993 tu. Mwaka 2013 mamlaka hiyo hiyo ilitaka dozi ya zolpidemu, dawa ya usingizi, ipunguzwe kwa wanawake kutoka miligramu 10 hadi 5, kwa sababu miili yao huiondoa taratibu zaidi. Dawa hiyo ilikuwa imeshauzwa kwa takriban miaka 20.

Mkirudi hospitali, usimwache aseme tu "najisikia vibaya." Aseme yalianza lini, na ni kitu gani alichokuwa akikifanya mwezi uliopita ambacho sasa hakiwezi: kupanda ngazi, kubeba ndoo, kulala chali. Kisha muulizeni daktari, kwa heshima: "Zaidi ya hilo, inaweza kuwa nini kingine?" Akisema kipimo fulani hakihitajiki, ombeni aandike sababu kwenye faili. Swali hilo halimvunjii mtu heshima, na daktari mzuri hulipokea vizuri.

SWALI: Watu wanaokataa chanjo na hospitali wanaelimishwa kila siku. Kwa nini hawaelewi?

Wengine wanaelewa, wasichonacho ni imani. Mwaka 1932 huko Tuskegee, jimbo la Alabama, idara ya afya ya serikali ya Marekani ilianza kuwafuatilia wanaume weusi wapatao 600, na 399 kati yao walikuwa na kaswende. Waliambiwa wanatibiwa "damu mbaya." Penisilini ilipokuwa tiba ya kawaida, mwishoni mwa miaka ya 1940, wao hawakupewa. Hali iliendelea hivyo hadi mwaka 1972 habari ilipofichuliwa. Wajukuu wa watu kama hao wakisita, huwezi kuwaita wajinga.

Chanjo ninazitetea bila kigugumizi: ndui ilitangazwa kutokomezwa mwaka 1980, na ni chanjo iliyoitokomeza. Lakini imani hujengwa na muuguzi yule yule anayekuwepo mwaka mzima, mlipuko ukiwepo au usiwepo.

SWALI: Nani anaamua kwamba hali fulani ni ugonjwa?

Madaktari, kwa sehemu, wakiwa wamebeba mawazo ya zama zao. Mwaka 1851 daktari wa Marekani, Samuel Cartwright, alidai kwamba watumwa waliotoroka walikuwa na ugonjwa wa akili, akaupa na jina la kitaalamu. Kwa hiyo ukisikia ugonjwa mpya, uliza unamsaidia nani.

SWALI: Mdogo wangu ameambiwa ana kifua kikuu. Anaogopa kuonekana akichukua dawa, na nyumbani wameshamtengea sahani. Nimsaidieje?

Anza na hiyo sahani. Kifua kikuu huenea kwa hewa, mgonjwa akikohoa. Hakienezwi na vyombo, nguo wala kushikana mikono. Kumtengea sahani hakumkingi mtu yeyote, kunamfundisha tu kuficha, na anayeficha ndiye anayekatisha dozi. Wiki za mwanzo afunike mdomo anapokohoa, alale penye hewa, madirisha yawe wazi, na wanaoishi naye wakapimwe, watoto kwanza. Akimeza dawa sawasawa, uwezo wa kuambukiza hushuka haraka. Matibabu ya kawaida huchukua miezi 6, na atajisikia mzima kabla hayajaisha, na hapo ndipo wengi huacha. Kama anaogopa foleni, muombeni mhudumu siku au saa yenye watu wachache, au mpangiane nani amsindikize. Leo jioni mpakulie kwenye sahani za wote.