Siku Yako Takatifu Isemee Mapema

Nilikuwa kidato cha tatu, mfungaji wa timu ya netiboli ya shule, ratiba ya mashindano ya wilaya ilipobandikwa ubaoni na fainali ikaangukia Jumamosi asubuhi. Mimi ni Msabato, nimelelewa katika nyumba ambayo kila Ijumaa maharage yalipikwa ya siku mbili, viatu vikapigwa rangi na redio ikazimwa kabla jua halijazama upande wa Ziwa Victoria. Nilijua tangu Jumatatu kwamba sitacheza. Hata hivyo sikumwambia mwalimu wa michezo. Niliogopa, nikajipa matumaini kwamba huenda ratiba ingebadilika, na Ijumaa jioni, wenzangu wakiwa wanakunja sare zao, ndipo nilipomfuata. Mwalimu hakunigombeza. Alinitazama kwa muda, kisha akaniuliza, "Kwa nini hukuniambia Jumatatu, mwanangu?" Kesho yake walimpanga binti ambaye hakuwahi kusimama chini ya goli katika mechi yoyote. Walifungwa vibaya, na yule binti akawa anachekwa bwenini kwa kosa ambalo lilikuwa langu.

Leo mimi mwenyewe ni mwalimu, na vijana wa kanisani huniletea swali lile lile kwa sura mbalimbali: mtihani umewekwa Jumamosi, kazi mpya ina zamu za Jumamosi, kocha anataka mazoezi Ijumaa usiku. Majibu ninayowapa nimeyapata zaidi kwa watu ambao si wa dini yangu. Ni Wayahudi, ambao wamezishika Sabato na sikukuu zao kwa karne nyingi katikati ya majirani wasiozijua. Nilianza kusoma habari zao nikitafuta faraja, nikapata pia mafundisho ya kazi, hasa kutoka kwa mrushaji mmoja wa mpira wa besiboli.

Sandy Koufax alizaliwa Brooklyn, New York, mwaka 1935, na kufikia mwaka 1965 hakuwa na mpinzani kama mrushaji. Katika besiboli mrushaji ndiye anayempelekea mpira mpigaji wa timu pinzani, na anapokuwa katika ubora wake wapigaji hurudi kukaa mmoja baada ya mwingine bila kuugusa. Msimu ule Koufax aliwatoa wapigaji 382 kwa namna hiyo, idadi ambayo ilikuwa rekodi mpya. Timu yake, Los Angeles Dodgers, iliingia fainali za World Series dhidi ya Minnesota Twins, na mchezo wa kwanza ulipangwa tarehe 6 Oktoba. Siku hiyo ilikuwa Yom Kippur, ile Siku ya Upatanisho tunayoisoma katika Walawi, ambayo Wayahudi huifunga kwa kutokula wala kunywa. Koufax hakurusha.

Watu wengi wanaosimulia kisa hiki huishia hapo, na ndiyo maana vijana hukisikia kama hadithi ya ushujaa tu. Mimi hukaa zaidi kwenye mambo mawili yanayopitwa haraka. La kwanza ni kwamba Koufax hakuwashtua wenzake. Kutorusha siku hiyo ilikuwa desturi yake inayojulikana, na kwa hiyo kocha alikuwa na nafasi ya kumwandaa Don Drysdale, mrushaji hodari ambaye msimu huo alikuwa ameshinda michezo 23. Drysdale alizidiwa na Dodgers wakafungwa 8 kwa 2, lakini hakuna aliyesukumwa uwanjani dakika ya mwisho kama yule binti wa shule yetu. La pili ni yaliyofuata. Koufax alirusha mchezo wa pili, naye akapoteza. Akarudi katika mchezo wa tano, akaumaliza bila kuruhusu hata pointi moja. Kisha, baada ya kupumzika siku mbili tu, akapanda kilimani pa kurushia katika mchezo wa saba, kiwiko chake cha mkono wa kushoto kikiwa kimeharibiwa na baridi yabisi na mpira wake wa kupinda ukiwa haumtii, akawafunga Twins 2 kwa 0 na kutwaa ubingwa. Mwaka uliofuata alistaafu kwa sababu ya kiwiko hicho hicho, akiwa na umri wa miaka 30.

Kwa hiyo kijana akiniambia anataka kuomba Sabato yake iheshimiwe kazini, swali langu la kwanza huwa linahusu siku nyingine sita. Je, bosi wako anakuonaje Jumanne? Mtu anayechelewa kila siku, kisha Ijumaa saa kumi jioni akakumbuka dini, anamfanya bosi aidharau dini yenyewe, na Msabato atakayekuja nyuma yake atakuta mlango umefungwa. Koufax aliidai siku moja, akatoa mkono wake wote katika siku zilizobaki. Niongeze kwamba hakuwa mtu wa kuonekana sinagogi kila wiki, na sioni kama hilo linampunguzia heshima. Kuna vijana wanaojiona hawastahili kuidai Sabato kwa kuwa mambo mengine yamewashinda, nao huwa nawaambia waidai hivyo hivyo.

Kabla ya Koufax alikuwepo Hank Greenberg, mpigaji wa timu ya besiboli ya Detroit Tigers, na huyu ndiye ninayempenda zaidi kwa sababu alisitasita mbele ya watu wote. Mwaka 1934 timu yake ilikuwa ikiuwania ubingwa wa ligi, nayo Detroit ya wakati ule haukuwa mji mwepesi kwa Myahudi: Henry Ford alikuwa amechapisha maandishi ya chuki dhidi ya Wayahudi katika gazeti lake kwa miaka, na jukwaani Greenberg alirushiwa matusi karibu kila mchezo. Rosh Hashanah, Mwaka Mpya wa Kiyahudi, ikaangukia siku ya mchezo. Magazeti yalijadili, marabi wakaulizwa, naye akahangaika mpaka mwisho. Alicheza, akaupiga mpira nje ya uwanja mara mbili, na Tigers wakashinda 2 kwa 1 kwa mapigo yake hayo. Siku tisa baadaye ikafika Yom Kippur. Safari hii hakwenda uwanjani; alikwenda sinagogi, na alipoingia waumini wakampigia makofi katikati ya ibada. Tigers walifungwa siku hiyo. Ni kweli kwamba walikuwa tayari wanaongoza ligi kwa mbali, na uamuzi wa pili ulikuwa mwepesi kidogo kuliko wa kwanza, lakini namsimulia Greenberg kwa kila kijana aliyeshindwa mara ya kwanza. Ukiwa uliingia zamu ya Jumamosi mwezi uliopita kwa hofu, hujajifungia njia ya kusema mwezi huu.

Namna ya kusema nayo ina uzito wake. Usimwambie mwajiri "mimi ni Msabato" ukadhani ameelewa, kwa sababu wengi hudhani hiyo ni Jumamosi asubuhi tu, saa za ibada. Mwambie kwamba siku yako inaanza jua likizama Ijumaa na kwisha jua likizama Jumamosi, na kwamba huku kwetu jua huzama kati ya saa kumi na mbili na nusu na saa moja, hivyo ofisini ungependa kutoka saa kumi ili ufike nyumbani. Mwambie utafidia lini: Jumapili, sikukuu za kitaifa, au zamu ya usiku ambayo wenzako hawaitaki. Mwandikie barua, uweke nakala. Wala usijisingizie ugonjwa. Namfahamu mtu aliyeumwa kichwa kila Ijumaa kwa miezi, na siku alipogundulika hakufukuzwa kwa ajili ya Sabato, alifukuzwa kwa uongo, wala hakuwa na la kujitetea.

Na wakati mwingine utakataliwa. Nchini Uganda wanafunzi Wasabato wa Chuo Kikuu cha Makerere walilipeleka suala la masomo na mitihani ya Jumamosi hadi Mahakama ya Juu, na mwaka 2006 wakashindwa. Huko Marekani Tamir Goodman, kijana wa Baltimore ambaye mwaka 1999 jarida la Sports Illustrated lilimwita Jordan wa Kiyahudi kwa kumfananisha na mchezaji Michael Jordan, aliikosa nafasi aliyoahidiwa katika Chuo Kikuu cha Maryland, kwa sababu timu ya chuo hicho ya mpira wa kikapu ilikuwa na michezo siku ya Sabato. Alikwenda Towson, chuo chenye jina dogo zaidi kilichokubali kupanga ratiba bila kuigusa Sabato yake, na hakufika NBA, ligi kuu ya mpira wa kikapu ya Marekani. Simwambii mtoto wa mtu kwamba kila mlango unaofungwa kwa ajili ya imani utafunguliwa mkubwa zaidi. Namwambia apige hesabu ya hasara akiwa bado na utulivu, akae na wazazi wake, na achague akijua.

Kuna jambo ambalo sisi Wasabato huwa tunalisahau tukizozana na ratiba: siku yenyewe tunaitumiaje? Rabi Abraham Joshua Heschel, mzaliwa wa Warsaw ambaye mama yake na dada zake waliangamizwa wakati wa Wanazi, aliandika juu ya Sabato kwa upendo ambao sijauona kwa mwingine. Ijumaa tarehe 19 Machi 1965 alipata telegramu kutoka kwa Martin Luther King ikimwalika kwenye maandamano ya Selma, Alabama, ya kudai haki ya Weusi kupiga kura. Heschel aliishika Sabato yake. Jumamosi usiku, Sabato ilipokwisha, akapanda ndege, na Jumapili alikuwa safu ya mbele, ndevu nyeupe na shada la maua shingoni, akitembea mahali ambapo wiki mbili tu kabla waandamanaji walipigwa mpaka wakazirai. Baadaye alisema alihisi kama miguu yake inasali. Nimejiuliza mara nyingi Jumamosi yangu inanipeleka wapi Jumapili.

Wazazi nao wana la kujifunza, na mwalimu wao ninayempendekeza ni mwigizaji. Leonard Nimoy alikulia Boston katika familia ya Wayahudi waliohama Ukraine. Akiwa mtoto alipelekwa sinagogi, na ilipofika baraka ya makuhani, ile ile ya Hesabu sura ya sita ambayo wachungaji wetu huitamka kufunga ibada, waumini walifunika nyuso zao kwa kuwa haikuruhusiwa kutazama. Mtoto akachungulia. Akawaona wazee wamefunikwa mitandio, wamenyoosha mikono, kidole cha kati na cha pete vikiwa vimeachana kufanya umbo la herufi ya Kiebrania inayoanza jina la Mwenyezi. Alipofika nyumbani alijizoeza mpaka akaweza. Mwaka 1967, akicheza kama Spock katika tamthilia ya televisheni ya Star Trek, alitakiwa kubuni salamu ya watu wa sayari nyingine, akainua mkono ule ule, na dunia nzima ikaiga. Watoto wako wanachungulia. Usiwafukuze sebuleni unapofungua Sabato. Waache washike kitabu cha nyimbo, hata kama wamekishika juu chini.

Wayahudi wa karibu nasi zaidi niliwafikia kwa safari ya masomo huko Mbale, mashariki mwa Uganda. Ni Abayudaya, jumuiya iliyoanzishwa mwaka 1919 na Semei Kakungulu, jemadari aliyesoma Biblia akaamua kufuata dini ya Musa. Idi Amin aliipiga marufuku dini yao, na wengi wakaiacha. Waliobaki walisali kwa kujificha. Kampala iliangukia mikononi mwa majeshi ya Tanzania na wapiganaji wa Uganda tarehe 11 Aprili 1979, na jioni ya siku hiyo hiyo ndiyo iliyoanza Pasaka ya Kiyahudi. Mzee mmoja aliponisimulia hayo na kusikia kwamba natoka Musoma, alinishika mikono yote miwili bila kusema neno. Katika jumuiya hiyo ndimo alimotoka Gershom Sizomu, aliyesomea Los Angeles, akawekewa mikono kuwa rabi mwaka 2008, na mwaka 2016 akachaguliwa kuwa mbunge. Ukiwasikia wakiimba zaburi kwa Kiganda Ijumaa jioni, ile hofu yangu ya kumwambia mwalimu wa michezo inaonekana ndogo sana.

Siku hizi, kila Januari, nawaomba wachezaji wangu wote waniandikie siku zao: Wasabato, Waislamu kwa swala ya Ijumaa na Idi, Wakatoliki kwa Ijumaa Kuu. Nafasi ya ufungaji ina mabinti wawili tangu wiki ya kwanza ya mazoezi, na wote wawili huanza mechi kwa zamu. Mwaka jana fainali iliangukia tena Jumamosi. Mfungaji wangu wa kwanza alikuja ofisini Jumatatu kabla ya paredi, daftari kifuani, sauti ikimtetemeka, akasema, "Shikamoo mwalimu. Jumamosi sitaweza, lakini nimeshazungumza na mwenzangu, na leo jioni tutabaki uwanjani ili nimsaidie."