Ofisa wa serikali hekaluni hukaa hadi lini?

Mkuu, umeuliza kama ofisa aliyewekwa na serikali ya Tamil Nadu, jimbo la India, kusimamia hekalu la Kihindu anaweza kubaki daima. Hapana. Kifungu cha 45 cha sheria ya jimbo hilo ya 1959 kuhusu mahekalu kinaruhusu kumteua, lakini kwenye kesi ya hekalu la Nataraja, Chidambaram, Mahakama ya Juu ya India iliamua Januari 2014 kwamba usimamizi huchukuliwa kurekebisha kasoro tu. Kasoro ikishaondoka, hekalu linarudi kwa wenyewe. Anza na amri ya uteuzi: inataja kasoro gani, kwa muda gani? Isipotaja, bana hapo hapo. Wengi wanaompinga ofisa huanguka kwingine, inasikitisha: wanadai kinga ya ibara ya 26 ya Katiba ya India, inayolipa dhehebu haki ya kusimamia mambo yake ya dini, bila kuthibitisha kuwa wao ni dhehebu lenye imani, mfumo na jina lake. Makuhani wa Chidambaram walikuwa na hukumu ya 1951 inayowatambua hivyo.