Ukimpiga picha mgombea, chukua hela kwanza

Kijana mmoja wa Sengerema kaniandikia juzi: "Kaka, nimepata mgombea, nimchaji bei gani?" Mdogo wangu, bei siyo tatizo. Sikia yaliyonikuta.

Uchaguzi wa 2020 nilipewa kazi na mgombea udiwani. Mtu mfupi, sauti ya chini. Pale mwaloni Kirumba, soko la samaki na dagaa kando ya ziwa, Mwanza, akiingia kwenye kundi humuoni tena. Nikampeleka ufukweni alfajiri, nikalala kifudifudi kwenye mchanga unaonuka dagaa, kamera usawa wa magoti yake, nyuma yake mawe na ziwa. Nikamwambia asicheke, atazame mbali kama anayesubiri boti. Nilipoifungua kwenye kompyuta nilishtuka mwenyewe: jitu! Bango lilipopanda, watu wakaanza kumwita Mheshimiwa kabla ya kura. Na yeye, naapa, akaanza kutembea kama ile picha.

Mambo haya ni ya zamani. Enzi za chama kimoja, kuanzia 1965, wagombea ubunge wawili walipewa alama, huyu jembe, yule nyumba, ili hata asiyejua kusoma apige kura. Marehemu babu alikuwa akicheka akikumbuka: wa jembe anajinadi kwamba yeye ndiye anayelisha watu, wa nyumba anamjibu, "Na ukitoka kulima unalala wapi?" Michoro miwili tu hiyo! Sasa wewe mwenye kamera unajiona mdogo kwa nini?

Basi, akashinda. Yaliyofuata ni simu zisizopokelewa na "njoo Jumatatu". Namdai 250,000 mpaka leo. Siku niliyomfuata kwake niliishia sebuleni, nikaambiwa hayupo. Ukutani ipo picha yangu, fremu ya dhahabu, ananitazama kutoka juu. Na aliyelala chini ili aonekane hivyo ni mimi.

Kwa hiyo chukua nusu kabla kamera haijatoka kwenye begi. Usitoe faili kubwa hajamaliza deni. Na chukua nusu, narudia. Vijana tunapenda mno kuonekana na wakubwa, wakati kodi ya fremu ya duka inatusubiri. Acheni!

Jana nilishuka mwaloni. Mama mmoja kafunika magunia yake kwa lile bango, kamba imepita puani. Nikamuuliza kalitoa wapi, akasema aliokota. Nikanunua sado moja ya dagaa, na sikumwambia kitu.